Picha za nani? Vyanzo vinne vya picha kuukuu kwa mtengenezaji wa filamu za majaribio Nairobi

Nairobi ina watengenezaji filamu wengi wenye wazo, kompyuta na programu ya kuhariri, ila wamekwama penye swali moja: picha zitoke wapi? Wanataka kutengeneza filamu bila kushika kamera, kwa kukata na kuunganisha upya picha zilizopigwa zamani na watu wengine. Njia yenyewe ni ya tangu jadi. Mwaka 1927, katika Muungano wa Kisovieti, Esfir Shub alichukua picha zilizopigwa kwa ajili ya mfalme wa Urusi na familia yake, akazichanganya na filamu za habari, akazikata hadi zikawa ushahidi dhidi ya mfalme yule yule. Alitumia zile zile za adui.

Wengi wetu huchagua chanzo kwa wepesi tu: kilichotokea kwanza kwenye YouTube ndicho kinachoingia kwenye filamu. Nadhani hapo ndipo kazi nyingi zinapopoteza nguvu. Kila chanzo huja na ugomvi wake, yaani kitu ambacho mhariri atalazimika kupambana nacho tangu mkato wa kwanza hadi wa mwisho. Ukijua ugomvi ulio tayari kuubeba, kuchagua kunakuwa rahisi.

Nalinganisha vyanzo vinne. Cha kwanza ni picha za enzi ya ukoloni zilizohifadhiwa Uingereza. Cha pili ni hifadhi za hapa nyumbani: KBC (shirika la utangazaji la taifa), Makavazi ya Kitaifa, na kampuni za picha kama Camerapix iliyoanzishwa na mpiga picha wa habari Mohamed Amin. Cha tatu ni kanda za familia, za harusi, ruracio (sherehe za mahari), mahafali na mazishi. Cha nne ni hifadhi huria za intaneti, hasa za Marekani.

Vyote nitavipima kwa maswali matano. Je, unaweza kuzifikia picha? Haki na gharama zikoje? Picha ina hali gani, na hali hiyo inakuruhusu kufanya nini? Nani alishika kamera, na alitaka tuone nini? Na waliomo kwenye picha, unawajibika kwao vipi?

Kuzifikia

Ajabu ni kwamba picha za mbali ndizo rahisi zaidi kuziona. Mwaka 2014 British Pathé, kampuni ya Uingereza ya filamu za habari, waliweka filamu 85,000 kwenye YouTube, na Kenya imo humo, kuanzia ziara za kifalme hadi sherehe za Uhuru. Kuna pia orodha ya filamu za makoloni ya Uingereza iliyotengenezwa kwa ushirikiano wa hifadhi kadhaa za huko. Ina filamu zaidi ya 6,000, na zaidi ya 150 kati yake unaweza kuzitazama papo hapo. Lakini kutazama si kupata. Nakala ya YouTube imebanwa mno, na ukiikuza kidogo inavunjika. Nakala safi huombwa, na hulipiwa.

Hifadhi za hapa zinataka miguu na subira. Makavazi ya Kitaifa yako Moi Avenue, katika jengo lililokuwa la Bank of India, karibu na sanamu ya Tom Mboya. Unajisajili kama mtafiti, unaomba orodha, unaketi. Sehemu kubwa ya hazina yake ni karatasi, ila mtengenezaji filamu asizidharau: barua ya mkuu wa wilaya ikisomwa juu ya picha inaweza kubadilisha maana ya picha nzima. KBC, iliyokuwa Voice of Kenya hadi 1989, ilianza televisheni mwaka 1962. Huko unaandika barua rasmi, unataja tarehe na tukio kwa usahihi, unafuatilia. Usiende na ombi la "chochote cha miaka ya sabini". Na ujue kwamba mashirika ya televisheni duniani kote yalizoea kurekodi kipindi kipya juu ya kanda ya zamani, maana kanda zilikuwa ghali. Mengine unayoyatafuta yalifutwa siku nyingi.

Kanda za familia ziko karibu kuliko zote, na mlango wake ni wa adabu. Huendi kwa shangazi na mkataba mkononi. Unakwenda kumjulia hali, mnakunywa chai, ndipo unauliza: "Shangazi, ile kanda ya harusi yenu mliiweka wapi?" Mara nyingi iko juu ya kabati, ndani ya mfuko wa nailoni, na hakuna aliyeitazama tangu deki iharibike. Na deki ndiyo kikwazo chenyewe. Funai ya Japani, kampuni ya mwisho iliyokuwa ikitengeneza deki za VHS, iliacha mwaka 2016. Ya mtumba inayofanya kazi bado unaweza kuisaka kwa mafundi wa Luthuli Avenue. Ijaribu kwanza kwa kanda usiyoijali.

Hifadhi huria hazina hadithi ndefu: unafungua, unapakua. Mkusanyiko wa Prelinger, ulioanzishwa New York mwaka 1982, una maelfu ya filamu za matangazo, za shuleni na za viwandani unazoweza kuzichukua bure kwenye Internet Archive. Ila Nairobi utaitafuta kwa tochi.

Hakimiliki na pesa

Kwa sheria ya Kenya, hakimiliki ya filamu hudumu miaka 50, ikihesabiwa tangu mwisho wa mwaka ilipotengenezwa, ilipotolewa kwa umma mara ya kwanza au ilipochapishwa mara ya kwanza, kwa kufuata tarehe iliyo ya karibuni zaidi. Kwa hesabu hiyo, filamu iliyotolewa 1963 ilikuwa huru hapa kufikia mwanzo wa 2014. Usishangilie mapema. Ukiipeleka filamu yako kwenye tamasha la nje, sheria ya huko ndiyo itakayotumika, na Uingereza ina hesabu tofauti, mara nyingi ndefu zaidi. Tena, hata hakimiliki ikiisha, anayeshika nakala safi anaweza kukutoza kwa kukupa nakala hiyo. Leseni za hifadhi za Uingereza hupimwa kwa sekunde au dakika, kwa nchi utakazoonyesha na kwa miaka utakayotumia. Kwa filamu ya majaribio inayorudia kipande kimoja mara kumi, uliza kabla ya kusaini kama marudio yanahesabiwa upya. Swali hilo dogo linaweza kuokoa bajeti yako.

KBC na kampuni binafsi za hapa nazo hutoza, lakini mnaweza kuketi mezani mkaelewana, hasa ukiwa mwanafunzi au kazi yako si ya biashara. Pata kila kitu kwa maandishi. Ahadi ya mdomo ya ofisa mmoja huondoka naye akihamishwa.

Kuhusu kanda za familia, sheria yetu ina kipengele ambacho wengi hawakijui: kazi ikiagizwa na kulipiwa, hakimiliki huchukuliwa kuwa imehamia kwa aliyeagiza, isipokuwa walikubaliana vingine. Kwa hiyo harusi ya shangazi kwa kawaida ni mali ya waliomlipa mpiga picha. Shida iko kwenye sauti. Kanda ya harusi imejaa nyimbo za watu wengine, za kwaya, za bendi na za DJ, na kila wimbo una mwenyewe. Wengine huondoa muziki wote na kubaki na vigelegele, viti vinavyoburutwa na mzee anayejaribu maikrofoni. Mara nyingi sauti hizo zinatosha.

Kazi za serikali kuu ya Marekani hazina hakimiliki nchini humo, na sehemu kubwa ya Prelinger ni huru. Kwa asiye na shilingi, chanzo hiki hakina mshindani.

Hali ya picha

Hapa wengi hupita haraka, nami nawasihi wasipite, kwa sababu hali ya picha ndiyo inayoamua mbinu zipi zitawezekana.

Filamu halisi ya milimita 16, ikiskaniwa vizuri, inakupa nafasi ya kuingia ndani ya picha: unaweza kukuza kona moja ya fremu, ukamtoa mtu aliyesimama nyuma na kumfanya mhusika mkuu. Kanda ya video haikuruhusu hilo. Mfumo wa PAL tuliotumia Kenya una mistari 576 inayoonekana, na VHS hunasa kidogo kuliko inavyoweza kuonyeshwa na mistari hiyo. Ukikuza uso, unapata miraba na ukungu wa rangi. Kwa hiyo ukichagua VHS, fikiria filamu ya mwendo, rangi na marudio, usitegemee kuchungulia pembeni.

Kasi nazo hugongana. Filamu za habari zenye sauti huenda fremu 24 kwa sekunde, video yetu 25, Super 8 kwa kawaida 18, na filamu za zamani za milimita 8 ni 16. Ukiweka ya 16 kwenye mradi wa 25 bila kurekebisha, watu wanatembea kwa haraka ya kuchekesha. Mzee anayemzika mkewe hastahili kuchekesha. Amua kasi ya kila kipande ukijua unachofanya.

VHS zina maradhi yake. Kanda yenye ukungu mweupe usiiingize kwenye deki, maana itachafua vichwa na kuambukiza kanda inayofuata. Ile iliyokaa miaka mingi, ipeleke hadi mwisho na uirudishe mwanzo kabla ya kuinakili. Kila fremu ya video hii imeundwa kwa nusu mbili zilizopigwa kwa nyakati mbili tofauti. Hifadhi nakala ghafi ikiwa hivyo hivyo, usafishaji ufanye kwenye nakala nyingine. Kwa upande wa filamu halisi, ukifungua mkebe ukasikia harufu ya siki, plastiki imeanza kuoza. Itenge na nyingine, usiizungushe kwenye projekta, na itafutie skani mapema. Skani hiyo ni kazi ya mashine maalumu, na ndiyo gharama inayovunja bajeti nyingi, kwa hiyo iulizie bei kabla ya kuandika ombi la ruzuku.

Madoa, mikwaruzo na rangi iliyogeuka waridi hazihitaji kuondolewa kila mara. Binafsi napenda kuziacha. Zinamwambia mtazamaji kwamba kitu hiki kilikaa mahali fulani, na kwamba kuna aliyekitunza au aliyekitelekeza.

Nani alishika kamera

Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda kitengo cha filamu cha makoloni, mwanzoni kwa ajili ya propaganda ya vita, kisha kwa kufundisha usafi, kilimo na utii. William Sellers, aliyekiongoza, aliamini kwamba mtazamaji wa Kiafrika hawezi kufuata mikato ya haraka wala hila za kamera. Akataka picha ndefu, tulivu, jambo moja baada ya jingine. Ilikuwa dharau iliyovaa joho la elimu. Lakini iliacha kitu ambacho mhariri wa leo anaweza kukitumia: picha zinazodumu. Wakati mwalimu wa filamu anaonyesha jinsi ya kuchimba choo, nyuma yake mtoto anapita, mwanamke anasimama kutazama kamera, mtu anacheka na kugeuka. Picha ndefu iliwapa nafasi watu ambao haikuwakusudia. Na ukizikata picha hizo kwa kasi, kwa mdundo ambao Sellers alidhani hatuuwezi, mkato wenyewe tayari ni jibu.

Ugomvi wa chanzo hiki ni sauti ya msimulizi na uzuri wa picha. Sauti ni rahisi kuizima. British Pathé wana hata vipande ambavyo havikuwahi kutolewa, vingi havina masimulizi. Uzuri ndio mtego. Ukiweka Delamere Avenue ya miaka ya hamsini, ile tunayoiita Kenyatta Avenue, ikiwa safi na tupu, watazamaji watasema Nairobi ilikuwa nzuri. Filamu yako isipouliza ni nani alihitaji kibali cha serikali ya kikoloni ili kuikanyaga barabara ile, umemsaidia mpiga picha wa kikoloni kuimaliza kazi yake.

Picha za serikali yetu zina ugomvi mwingine: jukwaa. Madaraka baada ya Madaraka, Jamhuri baada ya Jamhuri, kamera inamtazama kiongozi, na wananchi ni pambo la kupiga makofi. Anayezitumia lazima asake zile sekunde ambazo kamera ilisahau kazi yake, ikageuka kutafuta mwanga au kusubiri hotuba ianze. Ni kazi ya kuchosha yenye malipo makubwa, kwa sababu hakuna chanzo kingine chenye nyuso za Wakenya wengi kiasi hicho, wakiwa huru, mahali pamoja. Picha za waandishi wa habari kama Amin ni tofauti: alizunguka Afrika Mashariki tangu miaka ya sitini akitafuta tukio lenyewe, na jicho lake ni kali kiasi kwamba ni vigumu kulikata na kulifanya lako.

Kanda za nyumbani zinagombana nawe kwa upole. Kila mtu anatabasamu, kila mtu amevaa vizuri, na aliyelipwa kupiga picha alilipwa aonyeshe furaha. Yaliyokuwa yakitokea nje ya ukumbi hayamo. Péter Forgács, mtengenezaji filamu wa Hungaria aliyeanzisha hifadhi ya filamu za familia Budapest mwaka 1983, alijenga kazi yake yote juu ya pengo hilo: mtazamaji anajua historia inayowajia watu hawa, wao hawajui. Sisi tunaweza kufanya hivyo kwa tarehe iliyochapwa pembeni ya picha. Saba Saba ya 1990, siku ya maandamano ya kudai vyama vingi, iliangukia Jumamosi, siku ya harusi. Ukipata kanda ya Jumamosi ile, huhitaji msimulizi. Mkenya akiisoma tarehe hiyo huku bibi harusi akikata keki, tayari moyo wake umeondoka ukumbini.

Hifadhi huria za Marekani kwa kiasi kikubwa zinaizungumzia Marekani. Ni nzuri kwa filamu ya wazo, kama vile matangazo, mashine, mwili au shule, na ni shule bora ya mkato. Ukitaka zikuelezee Nairobi, utaishia na simba na watalii.

Waliomo kwenye picha

Filamu za habari za Hali ya Hatari, 1952 hadi 1960, zina wanaume waliochuchumaa mikono kichwani huku askari wakipita kati yao. Hakuna aliyewaomba ruhusa, na leo huwezi kuwaomba. Huenda wajukuu wao wako Kangemi au Dagoretti, na wanaweza kuketi ukumbini siku ya onyesho lako. Mimi siwezi kurudia picha ya mtu aliyepigishwa magoti kwa sababu tu mdundo wa filamu unaitaka. Nikiirudia, liwepo jambo ambalo mara ya pili inaonyesha na mara ya kwanza haikuonyesha: jina la mahali, uso wa askari, mkono wa aliyekuwa pembeni.

Kwa picha za sherehe za kitaifa mzigo ni mwepesi, kwani watu walikuwa hadharani. Kwa kanda za familia ni mzito kuliko unavyodhani. Waliooana huenda waliachana, mtoto wa kanda ni mtu mzima mwenye kazi yake, na mgeni wa meza ya tatu hakualikwa kwenye filamu yako. Sheria ya Kulinda Data ya 2019 inawagusa walio hai, ingawa inaiachia sanaa nafasi kiasi. Sheria peke yake haitoshi. Tazama kanda yote pamoja na wenyewe kabla ya kukata, na andika dakika wanazotaka zisitumike. Mara nyingi huko huko kwenye kutazama ndiko hupatikana masimulizi ambayo hukuyatafuta. Waombe uyarekodi.

Kwa hali yako

Kama ndiyo kwanza unaanza na huna fedha, anza na hifadhi huria. Jifunze mkato, marudio na uhusiano wa sauti na picha juu ya kitu ambacho hakuna atakayekudai.

Kama una jambo la kusema kuhusu ukoloni na una miezi kadhaa ya kutafuta ruzuku, chukua picha za Uingereza, ila chagua dakika chache unazoweza kuzilipia na uzichimbe hadi chini. Filamu ya dakika saba iliyojengwa juu ya picha moja ndefu ina nguvu kuliko ya saa nzima iliyojaa vipande vya YouTube vyenye nembo ya mtu mwingine juu yake.

Kama una subira ya ofisi na unavutiwa na mamlaka ya serikali, umati na sherehe, hifadhi za hapa ni zako. Ni chanzo kilichoguswa kidogo kuliko vyote, na kila anayeomba kanda kwa utaratibu anazikumbusha hifadhi hizo kwamba kanda zake zina wenye kuzihitaji.

Kama una wazee katika ukoo na kanda juu ya kabati, usingoje wazo likamilike. Nakili sasa, filamu itafuata. Kanda hizi hazina nakala nyingine popote, na wanaoweza kukutajia majina ya waliomo wanazeeka.

Na kama umeamua kuchanganya vyanzo, fungua jedwali siku ya kwanza: kipande, kilikotoka, mwaka, kasi ya asili, nani ana haki, nani amekubali, na karatasi ya kukubali iko wapi. Ukitaka kuonyesha filamu hadharani hapa nchini itapitia KFCB, bodi ya kuainisha filamu, iainishwe, na tamasha lolote la maana litauliza haki za kila sekunde. Kwa maswali ya sheria yetu nenda KECOBO, bodi ya hakimiliki, na jedwali hilo mkononi, kabla hujafunga mkato wa mwisho, wakati kipande chenye utata bado kinaweza kutolewa na kingine kikaingia.